Namna ya kutazama filamu za Kimalayalam ukaiona Kerala yenyewe

Mtu aliyekulia picha za Kihindi huingia kwenye filamu ya Kimalayalam na mazoea mawili yasiyomfaa: anamsubiri steringi atokee, na anajua kabisa kwamba steringi hafi. Dakika arobaini zinapita. Kilichoonekana ni watu wanakunywa chai, ndugu wanagombania mpaka wa kiwanja, mvua inanyesha, na mwanamume mmoja kaapa kutovaa ndala. Anazima. Filamu si mbovu, na yeye si mvivu. Filamu hizi hutengenezwa kwanza kwa watu wa jimbo moja la kusini-magharibi mwa India, Kerala, lenye watu wapatao milioni 33 kwa sensa ya 2011. Watu hao hawahitaji kuambiwa kwamba kijana yule aliposhusha nguo yake kutoka magotini alikuwa anamheshimu mzee aliyepita. Wewe unahitaji. Yafuatayo ni ya kuandaa kabla ya kutazama, ya kuangalia wakati filamu inaendelea, na mfuatano wa filamu ambao hautakuchosha njiani.

Sauti kwanza

Kabla ya chochote, fungua orodha ya sauti na uchague Kimalayalam. Filamu nyingi za karibuni hupakiwa kwa lugha nne au tano, pamoja na Kitamil, Kitelugu, Kikannada na Kihindi, na ukiiacha programu ikuchagulie inaweza kukufungulia isiyo ya asili. Zile zinazosambaa bure mitandaoni kwa sauti ya Kihindi ni mbaya zaidi: jina la filamu hubadilishwa, nyimbo hukatwa, na mazungumzo hupunguzwa ili ngumi zifike haraka. Filamu zilizowekwa sauti ya DJ wa Kiswahili ni burudani ya namna yake, hatuna ugomvi nazo, lakini kwa kazi hii hazitakusaidia. Unachokitafuta kimo katika jinsi watu wanavyoitana, na hicho ndicho DJ anachokiruka mwanzo.

Lahaja nazo zimo. Usemaji wa Thrissur una mwimbo wake, wa Kasaragod umekaa jirani na Kikannada na Kitulu, na wa Thiruvananthapuram, kusini kabisa, huwachekesha watu wa wilaya za kati kama vile Mswahili wa mjini anavyotabasamu akisikia lafudhi ya bara. Mammootty, mmoja wa waigizaji wawili wakubwa wa sinema hii, alicheza Rajamanikyam (2005) kwa lahaja ya Thiruvananthapuram na Pranchiyettan & the Saint (2010) kwa ile ya Thrissur, na sehemu kubwa ya kicheko ilitoka hapo hapo. Huhitaji kujua Kimalayalam ili uisikie tofauti. Baada ya filamu tano hivi sikio huanza kutenganisha lenyewe, sawa na mgeni anayejifunza kwamba Kimvita si Kiunguja.

Jambo moja la kujihadhari nalo katika filamu za miaka ya 1980 na 1990: waigizaji wengi wa kike walitiwa sauti za wanawake wengine studio baada ya kupiga picha, kwa kuwa baadhi yao hawakuwa wenyeji wa lugha. Ndiyo maana wanaume husikika wana kwao, na wanawake husikika kama wote wametoka kwenye redio moja. Filamu nyingi za sasa hurekodi sauti pale pale mandhari inapochezwa.

Maandishi ya chini utakayoyapata kwa kawaida ni ya Kiingereza. Yapime kabla hujajifunga nayo: tafuta mahali watu watatu wanapozungumza kwa pamoja, mezani au kwenye kibanda cha chai, utazame dakika mbili. Watu watatu wakisema na wewe ukaletewa mstari mmoja, tafuta nakala nyingine. Angalia pia kama nyimbo zimetafsiriwa, maana wimbo mara nyingi ndio unaobeba mwaka mzima wa hadithi. Yale yanayozalishwa na mashine yaepuke kabisa. Hugeuza majina ya watu kuwa maneno na maneno kuwa majina.

Nani anamwita nani nini

Hapa ndipo maandishi ya chini yanapoharibu zaidi. Chettan ni kaka mkubwa, chechi ni dada mkubwa, lakini maneno haya huitwa kondakta, muuza samaki, jirani, na mtu yeyote aliyekuzidi umri kidogo. Tena mke humwita mumewe chetta au etta, na katika nyumba ya Kiislamu humwita ikka, ambalo nalo asili yake ni kaka. Mtafsiri akiandika “brother” na kwenda zake, mtazamaji hukaa nusu saa akidhani anawatazama ndugu wawili. Ukiona mwanamke mtu mzima anamwita mwanamume chetta na wanalala chumba kimoja, hakuna fumbo hapo.

Baba ni achan kwa Wahindu, appan au appachan kwa Wakristo wengi, uppa au vappa kwa Waislamu. Mama ni amma, ammachi au umma kwa mpangilio huo huo. Kwa hiyo neno la kwanza la mtoto katika filamu tayari limekupa dini ya nyumba, hata kabla hujaona msalaba ukutani au taa ya shaba mlangoni. Mashabiki wenyewe hufuata utaratibu huu: Mohanlal, yule mwigizaji mkubwa wa pili, humwita Lalettan, yaani kaka Lal, na Mammootty, ambaye ni Mwislamu, humwita Mammookka.

Sikiliza pia nee na ningal. Nee ni “wewe” ya mtu wa karibu au wa chini yako; ningal ni ya heshima au ya watu wengi. Mtu akihama kutoka ningal kwenda nee katikati ya mazungumzo, ugomvi umekwisha kuanza hata kama sauti haijapanda. Eda huitwa mwanamume na edi mwanamke, kwa mapenzi kati ya marafiki na kwa dharau kinywani mwa polisi. Saar ni ya mwalimu, karani, daktari na polisi. Kwa Kiswahili hatuna “wewe” mbili za namna hiyo, lakini kila aliyewahi kusikia “shikamoo” ikikataliwa kuitikiwa anajua jambo linalozungumzwa.

Majina yanaongeza. Sensa ya 2011 iliwahesabu Wahindu asilimia 54.7 ya watu wa Kerala, Waislamu 26.6 na Wakristo 18.4, na makundi yote matatu yamo ndani ya filamu kama majirani. Chacko ni Yakobo, Mathai ni Mathayo, Ouseph ni Yusufu, Varghese ni George. Pathumma ni Fatuma. Nair, Menon, Pillai na Namboodiri ni majina ya kasta, yaani tabaka ambalo mtu huzaliwa nalo, na yote manne ni ya tabaka za juu. Mhusika mwenye jina moja tupu, lisilo na mkia wowote, mara nyingi anatoka upande ambao mkia huo haukuwa na faida kuutaja.

Mundu

Kama utajifunza kitu kimoja tu, jifunze nguo hii. Mundu ni shuka ya kiunoni, nyeupe, inayoshuka hadi kwenye vifundo vya miguu. Ya rangi au ya mistari, ya kushindia nyumbani na kazini, ni lungi, na wengine huiita kaili. Mtu wa pwani anayevaa msuli au kikoi hana haja ya maelezo ya namna inavyofungwa. Ila wanaume wa Kerala wameifanya iseme.

Ikiwa imeshuka hadi chini, mtu yuko mbele ya wakubwa, yuko hekaluni au kanisani, au yuko kwenye shughuli rasmi. Ikiwa imekunjwa mara mbili na kuchomekwa kiunoni hadi magotini, mtu anafanya kazi, anatembea matopeni, yuko na rika lake, au anajiandaa kupigana. Katikati ya hali hizi mbili kuna ile ya kushika pindo moja kwa mkono wakati wa kutembea, ambayo huvaliwa na watu wanaojiona. Mzee akipita, kijana aliyekunja huishusha. Anaitikisa tu kwa vidole na inaanguka, kitendo cha nusu sekunde. Mwongozaji mwenye jicho hukiweka pembeni mwa picha bila kukisogezea kamera. Na kijana ambaye mzee kapita na yeye hakushusha ameshatangaza vita. Hakuna mstari wa mazungumzo utakaokuambia hivyo.

Katika Spadikam (1995), Mohanlal anacheza mtoto wa mwalimu mkali aliyegeuka mhuni, na mtindo wake wa kupigana ni kuivua mundu yake na kumfunika nayo adui usoni, kisha kumpiga akiwa kabaki na chupi ndefu. Kwa mgeni ni kichekesho. Kwa mwenyeji ni mtoto anayeikanyaga heshima yote aliyofundishwa na baba yake, tena hadharani.

Kwa desturi Waislamu hufunga pindo upande wa kushoto, Wahindu kulia. Mundu yenye ukingo wa dhahabu, kasavu, ni ya harusi, ya hekaluni na ya sikukuu ya Onam inayoangukia Agosti au Septemba. Filamu iliyotengenezwa na watu wa nje hujulikana haraka hapa: kila mtu kavaa kasavu siku ya Jumanne akienda sokoni.

Nyumba, ardhi na mjomba

Kabla ya kutazama filamu yoyote yenye nyumba kubwa ya mbao iliyozeeka, jifunze tarehe tano. Kerala iliundwa tarehe 1 Novemba 1956 kwa kuunganisha maeneo ya wasemaji wa Kimalayalam: Travancore, Cochin na Malabar. Mwaka 1957 wapiga kura wake waliiweka madarakani serikali ya kikomunisti ya E. M. S. Namboodiripad, na mwaka 1959 serikali ya Delhi ikaivunja. Tarehe 1 Januari 1970 marekebisho ya sheria ya ardhi yalianza kazi: mfumo wa upangaji wa mashamba ukafutwa na wakulima wakapewa haki juu ya ardhi waliyolima. Sheria nyingine, ya mwaka 1975 iliyoanza kazi Desemba 1976, ikafuta familia ya pamoja.

Familia hiyo ya pamoja, hasa kwa Wanair, ilikuwa tharavadu: nyumba moja yenye mali moja, iliyorithiwa kwa upande wa mama. Aliyeisimamia hakuwa baba. Alikuwa mjomba, ammavan, kaka wa akina mama wa nyumba ile. Msomaji kutoka jamii ambazo mjomba ana neno la mwisho kwenye mahari na mirathi ataielewa hali hii upesi kuliko mtazamaji wa London.

Sasa Elippathayam (1981) ya Adoor Gopalakrishnan inafunguka. Unni, mwanamume wa makamo, anaishi na dada zake katika nyumba ya zamani. Ng'ombe ameingia kiwanjani anakula mimea. Unni amekaa barazani, anamwona, na badala ya kuinuka anamwita dada yake Rajamma atoke jikoni aje amfukuze. Panya wamejaa ndani. Mtego wa mbao unawanasa, na mdogo wao wa kike anaubeba mpaka bwawani na kuuzamisha. Dada mkubwa aliyeolewa anakuja kudai fungu lake. Kwa asiyejua 1970 na 1975, huyu ni mvivu tu, na filamu ya dakika kama 120 inakuwa ndefu kuliko mfungo. Kwa anayejua, huyu ni mtu aliyelelewa kuwa mjomba mtawala, na siku alipofika kwenye kiti, kiti kilikuwa kimeshaondolewa. Sikiliza sauti ya mtego unapofunga kuliko kusoma maandishi ya chini.

Upande wa pili wa ardhi uko kwenye Kammatipaadam (2016) ya Rajeev Ravi. Hapo ni jijini Kochi, mashamba ya mpunga ya Wadalit, watu wa tabaka la chini kabisa, yanageuka kuwa maghorofa, na vijana wa kitongoji hicho hicho ndio wanaotumiwa kuwafukuza watu wao. Ziweke filamu hizi mbili wiki moja, hasa kwa sababu mageuzi ya ardhi husifiwa sana kuliko yanavyohesabiwa: aliyelima kama mpangaji alipata shamba, lakini kibarua wa tabaka la chini kabisa mara nyingi aliambulia kipande cha kujengea kibanda.

Jikoni

The Great Indian Kitchen (2021) ya Jeo Baby ndiyo filamu rahisi kuliko zote kwa mtazamaji wa Afrika Mashariki, na ndiyo inayomkasirisha upesi zaidi. Wahusika hawana majina. Mke kaolewa kwenye nyumba ya heshima. Mume ni mwalimu, na darasani anafundisha kuhusu familia kama msingi wa jamii.

Fuata vitu vinne. Cha kwanza ni bomba la sinki linalovuja: mke anaomba aitwe fundi, mume anasema sawa, anasahau, anaomba tena, na ndoo ya maji machafu chini ya sinki inajaa kila siku. Cha pili ni wali: baba mkwe anataka upikwe kwa kuni, si kwa sufuria ya mvuke, na chatne isagwe kwenye jiwe, si kwenye blenda. Anaomba kwa upole, kwa sauti ya mtu anayeomba kitu kidogo. Cha tatu ni meza baada ya wanaume kula, na maganda ya mlonge yaliyotafunwa yakatemwa pembeni mwa sahani. Wanawake hula baadaye, pale pale. Cha nne ni ukimya. Karibu hakuna muziki. Unachosikia ni kisu juu ya ubao, nazi ikikunwa, maji, kisu tena. Watu wakianza kulalamika kwamba filamu inajirudia, wamefika inakotaka.

Nusu ya pili inahitaji jambo moja la nje: hekalu la Sabarimala. Waumini wanaume hufunga siku 41 kabla ya kwenda, na wanawake wa umri wa hedhi walikuwa hawaruhusiwi hadi Mahakama ya Juu ya India ilipoamua kinyume Septemba 2018, na Kerala ikawaka moto wa maandamano. Ndiyo maana mke akiwa mwezini anatengwa chumbani wakati mume yuko kwenye nadhiri yake. Filamu ilitoka Januari 2021 kupitia mtandao mdogo wa Kerala wenyewe, Neestream, kisha baadaye ikachukuliwa na wakubwa.

Kwa mpishi anayetazama: vyakula vyenyewe vitakuchanganya kwa jinsi vilivyo karibu na vya pwani. Kappa ni muhogo, huliwa na mchuzi wa samaki. Kallu ni tembo la mnazi, na kibanda cha kallu ni mahali pa siri na siasa. Puttu ni unga wa mchele na nazi vilivyopikwa kwa mvuke ndani ya mwanzi au bomba la chuma. Nyama ya ng'ombe huliwa wazi, wakati katika majimbo mengi ya India kumchinja ng'ombe ni kosa la jinai, kwa hiyo sahani ya nyama mezani si pambo. Kuna watu kaskazini inawakera na mwongozaji anajua.

Mvua, chai na bendera

Haya machache tupite haraka. Mvua za kusini-magharibi huingia Kerala karibu na tarehe 1 Juni, zikisukumwa na upepo ule ule ambao mabaharia wetu waliuita kusi. Shule hufunguliwa wakati huo huo. Filamu ikianza na watoto na miavuli, ni Juni, na jambo jipya linaanza. Kibanda cha chai ndicho bunge: gazeti moja husomwa na watu sita, maana jimbo hili lina kiwango cha kusoma na kuandika cha karibu asilimia 94. Bendera nyekundu yenye nyundo na mundu (ule wa kuvunia) ni ya chama cha kikomunisti kilichowahi kutawala na kitakachogombea tena, si pambo la historia. Ukitaka kucheka juu ya hilo, Sandesam (1991) ina ndugu wawili wa vyama pinzani wanaobishana kuhusu nchi za mbali wakati baba yao mstaafu anahangaika na shamba.

Uarabuni

Tangu miaka ya 1970 karibu kila mtaa wa Kerala una mtu Uarabuni, na sinema imemfuata hatua kwa hatua. Zitazame kwa mfuatano wa safari badala ya mfuatano wa miaka. Pathemari (2015) ni ya kuondoka: jina lake ni la aina ya jahazi, na wahusika wanavuka bahari bila karatasi. Nadodikkattu (1987) ni ya kutofika: vijana wawili wasio na kazi wanalipa nauli ya Dubai, wanashushwa usiku ufukweni wakiwa wamevaa kanzu za Kiarabu, na kumbe wako Madras, India hiyo hiyo. Gaddama (2011) ni ya mtumishi wa ndani Saudia. Jina hilo ni khaddama lilivyotamkwa na Wamalayali, neno lile lile ambalo wasichana wa Kenya na Uganda hulitamka kadama. Aadujeevitham (2024) ya Blessy, iliyotokana na riwaya ya Benyamin ya 2008, ni ya mtu aliyechukuliwa uwanja wa ndege na kupelekwa kuchunga mbuzi jangwani bila njia ya kutoka; ina karibu saa tatu, na wenye ndugu walioko huko wanaweza kuhitaji kuigawa siku mbili. Varavelpu (1989) ni ya kurudi: mtu anatoka na akiba yake, ananunua basi, na kila mwenye mkono anaishika pesa hiyo mpaka basi linabaki vyuma.

Katika filamu hizi angalia boksi. Mtu wa Uarabuni anarudi na katoni iliyozungushiwa kamba, jina limeandikwa kwa kalamu nene, ndani kuna manukato, blanketi, redio ya kaseti, sabuni. Namna ndugu wanavyolizunguka boksi kabla ya kumsalimu mwenyewe ndiyo hadithi yote. Nyumba kubwa mpya iliyofungwa madirisha ni alama nyingine: aliyeijenga hayupo.

Kinyume chake ni Sudani from Nigeria (2018), ambapo anayekuja kutafuta maisha ni Mwafrika. Malappuram, upande wa kaskazini wenye Waislamu wengi, hucheza kandanda ya watu saba kila upande, na timu hukodi wachezaji kutoka Afrika. Samuel anaumia, anauguzwa nyumbani kwa meneja wake Majeed, na mama wa nyumba anamlea kama wa kwake bila lugha ya pamoja. “Sudani” ndivyo wenyeji wanavyomwita Mwafrika yeyote. Wanarekebishwa na hawarekebishiki. Itazame ukiwa na watu wa kubishana nao.

Wasemaji wa Kiswahili walioko Muscat, Doha au Dubai wana bahati: filamu hizi huingia kwenye majumba ya sinema ya huko, kwa kuwa ndilo soko kubwa la nje. Kabla ya kulipa, uliza kama nakala ya saa hiyo ina maandishi ya chini.

Mfuatano unaofaa

Anza na Maheshinte Prathikaaram (2016), milimani Idukki: mpiga picha anapigwa na kuaibishwa mbele ya majirani na anaapa kutovaa ndala mpaka alipize. Ni nyepesi, na inakufundisha mwendo. Kisha Kumbalangi Nights (2019), Sudani from Nigeria, The Great Indian Kitchen. Moja kwa wiki inatosha. Baada ya nne hizo ndipo uingie Elippathayam na Kammatipaadam, na baada yake Ee.Ma.Yau (2018) ya Lijo Jose Pellissery, mazishi ya mzee Mkatoliki huko Chellanam yanayoharibika kila hatua. Jina lake ni ufupisho wa Yesu, Maria na Yosefu, maneno anayonong'onezwa mtu anayekata roho.

Wanaoanza na Elippathayam huacha. Wanaoanza na filamu za kishujaa za Mohanlal au Mammootty za miaka ya 2000 hupata picha za kawaida za kupigana na hawaoni kwa nini watu wanaisifu sinema hii. Wanaotazama Drishyam (2013) kwa nakala yake ya Kihindi, iliyohamishiwa Goa, wanapata fumbo lile lile zuri lakini wanamkosa Georgekutty, mwenye kampuni ndogo ya kebo aliyeishia darasa la nne na kujifunza sheria kutoka kwenye filamu alizotazama usiku ofisini.

Neno la mapumziko likitokea katikati ya filamu, simama kweli, dakika kumi. Filamu hizi zimejengwa kwa nusu mbili, na swali la nusu ya kwanza huwekwa hapo makusudi. Andika ulichodhani kitatokea.

Usiibebe sinema hii kama mtakatifu. Katika filamu yake ya kwanza kabisa, Vigathakumaran ya J. C. Daniel, isiyo na sauti, mwanamke Mdalit, P. K. Rosy, alicheza nafasi ya mwanamke wa Kinair. Watazamaji wa tabaka za juu walifanya fujo, akafukuzwa na kukimbilia jimbo jirani. Leo tuzo kubwa ya heshima ya serikali kwa watu wa filamu ina jina la Daniel. Februari 2017 mwigizaji mmoja alitekwa na kudhalilishwa ndani ya gari. Wanawake wa tasnia wakaunda umoja wao, serikali ikaunda tume chini ya jaji mstaafu K. Hema, ripoti ikakabidhiwa Desemba 2019 na kukaa kabatini mpaka Agosti 2024. Ilipotoka, uongozi mzima wa chama cha waigizaji ulijiuzulu. Majina ya watengenezaji yanapopita mwishoni mwa filamu, hesabu ya wanawake nyuma ya kamera haichukui dakika.

Mwisho kabisa weka Chemmeen (1965) ya Ramu Kariat, ya wavuvi wanaoamini kwamba mke asiye mwaminifu humfanya Mama Bahari ammeze mumewe. Kisha rudi Kumbalangi Nights kwa mara ya pili, bila maandishi ya chini kama unaweza. Kaa macho na Shammi, mkwe aliyehamia nyumbani kwa mke: nani anaitwa nini mbele yake, nani anainuka anapoingia, na anavyojipa kiti cha mkuu wa nyumba katika nyumba isiyo yake.